Wakili Denis Pritt na Haki ya Kila Mshtakiwa

Majina ya waliopigania Uhuru wa Afrika Mashariki yanafahamika hata kwa watoto wa shule za msingi. Mtoto wa Kizwite humtaja Mwalimu Julius Nyerere na Mzee Jomo Kenyatta bila kusita. Lakini ukimwuliza ni nani aliyesimama mbele ya hakimu kuwatetea viongozi hao wawili, siku Serikali ya kikoloni ilipowafikisha mahakamani, hatakuwa na jibu. Na aghalabu baba yake hatakuwa nalo pia.

Mtu huyo hakuwa Mwafrika. Alikuwa Mwingereza, wakili wa daraja la juu katika mahakama za London, aliyepata kuwa mbunge katika Bunge lile lile lililozitawala nchi zetu. Jina lake ni Denis Nowell Pritt. Alizaliwa mwaka 1887, akafariki dunia mwaka 1972. Mjini Nairobi ipo barabara iliyopewa jina lake, na maelfu ya watu huipita kila siku bila kujua alikuwa nani.

Leo tunapenda kuyaeleza maisha yake, wala si kwa nia ya kumsifu tu. Pritt alikuwa na sifa kubwa, na alikuwa na kosa kubwa. Yote mawili yana mafunzo kwetu sisi tunaoishi katika Uwanda wa Ufipa, ambako mara nyingi tuhuma huenda mbio na ushahidi hufuata nyuma ukichechemea.

KUTOKA KULIA HADI KUSHOTO

Hakuna aliyekiona kitoto hicho cha Middlesex, karibu na London, akatabiri kwamba kingekuja kuwa mwiba kwa wakubwa. Pritt alisomeshwa Winchester, mojawapo ya shule za kale ambazo wenye nafasi katika Uingereza walizitumia kuwalea watawala wa kesho. Akasoma sheria, akakubaliwa kuwa wakili mwaka 1909, na mwaka 1927 akapewa heshima ya kuwa Wakili wa Mfalme, cheo wanachopewa mawakili waliobobea. Alikuwa na kipato kizuri na mbele yake ilikuwapo njia nyeupe ya kufikia ujaji. Kama angalitaka raha, raha ilikuwa imemfungulia mlango.

Lakini fikra zake zilikuwa zikihama. Katika ujana wake aliunga mkono chama cha Wahafidhina; baadaye akaingia katika chama cha Labour. Alipoandika kumbukumbu za maisha yake, katika miaka ya 1965 na 1966, alikipa kitabu cha kwanza jina lenye maana ya safari ya kutoka kulia hadi kushoto. Mwaka 1935 wananchi wa Hammersmith Kaskazini, katika jiji la London, walimchagua kuwa mbunge wao.

Kabla ya hapo alikuwa amekwisha kuonyesha ni kesi za namna gani zilizomvuta. Mwaka 1931 polisi wa Hong Kong walimkamata Mvietnam mmoja aliyetafutwa sana na Wafaransa, na shauri lake likafika mbele ya Baraza la Rufani la Mfalme mjini London. Pritt alimtetea. Mvietnam yule hakukabidhiwa kwa Wafaransa. Baadaye ulimwengu ulimjua kwa jina la Ho Chi Minh. Mwaka 1933, Wanazi wa Ujerumani walipowasingizia wapinzani wao kwamba walilichoma Bunge la nchi hiyo, Pritt aliongoza mjini London baraza la wanasheria wa mataifa mbalimbali lililouchunguza ushahidi wa moto ule hadharani, kabla mahakama ya Leipzig haijaanza kazi yake. Mahakama ya Leipzig yenyewe iliwaachia huru washtakiwa wanne kati ya watano.

Siasa za chama hazikumwendea vyema. Mwaka 1940 chama cha Labour kilimfukuza, kwa sababu aliunga mkono Urusi ya Kisovieti ilipoivamia Finland. Hata hivyo, katika uchaguzi wa mwaka 1945 alisimama peke yake bila chama, na wapiga kura wake wakamrudisha Bungeni. Mwaka 1950 alishindwa, na ubunge wake ukaishia hapo. Alikuwa na umri wa zaidi ya miaka 60. Wengi wa rika lake walikuwa wakistaafu. Kwake yeye kazi kubwa kuliko zote ilikuwa bado haijaanza.

KAPENGURIA

Usiku wa tarehe 20 Oktoba, 1952, Gavana wa Kenya, Sir Evelyn Baring, alitangaza hali ya hatari, na askari wakaanza kuwakamata viongozi wa chama cha KAU. Watu sita walishtakiwa kwamba ndio waliokuwa wakiendesha Mau Mau: Jomo Kenyatta, Bildad Kaggia, Kung'u Karumba, Fred Kubai, Paul Ngei na Achieng Oneko.

Kesi haikufanyiwa Nairobi. Ilipelekwa Kapenguria, kijiji cha mbali kaskazini-magharibi ya Kenya, mahali ambapo mtu hakuweza kuingia bila kibali. Hapakuwa na hoteli, wala simu, wala maktaba ya sheria. Mawakili walilazimika kulala Kitale, mwendo wa zaidi ya kilometa 30, na kila siku kwenda na kurudi katika barabara ya vumbi. Jumba la mahakama lilikuwa ni chumba cha shule. Mtu hahitaji kuwa mwanasheria kuitambua nia ya mpango wa namna hiyo: haki ilipelekwa mbali ili isionekane.

Timu ya utetezi ilistahili kuandikwa katika vitabu vya historia. Pritt aliiongoza. Pamoja naye walikuwapo Chaman Lall kutoka India, H. O. Davies kutoka Nigeria, A. R. Kapila, Fitz de Souza na Jaswant Singh wa Kenya, na Dudley Thompson, Mjamaika aliyekuwa akifanya kazi ya uwakili hapa kwetu Tanganyika. Watu weusi, Waasia na Mzungu mmoja waliketi meza moja, katika nchi ambayo sheria na desturi zake hazikuwaruhusu kulala katika hoteli moja.

Hakimu alikuwa Ransley Thacker, jaji mstaafu, aliyesikiliza na kuamua peke yake. Shahidi mkubwa wa Serikali alikuwa kijana aitwaye Rawson Macharia, aliyedai kwamba alimwona Kenyatta akiwalisha watu kiapo. Pritt alimhoji yeye na mashahidi wenzake kwa siku nyingi, bila haraka na bila kelele, akiuliza tarehe, mahali na majina. Wazee wetu wa Ufipa, waliokuwa wakiyeyusha chuma katika malungu yaliyopita kimo cha mtu, walijua kwamba jiwe likitazamwa kwa macho halisemi lina chuma kiasi gani. Husema likipitishwa motoni. Kuhoji kwa wakili ndiyo moto wa ushahidi. Pale ambapo hakuna wa kuhoji, jiwe na chuma huuzwa kwa bei moja.

Katikati ya kesi Pritt alipeleka simu ya maandishi kwa wabunge wa London, akilalamika kwamba mazingira ya kesi yalikuwa ni kunyimwa haki. Kwa ajili hiyo alishtakiwa yeye mwenyewe kwamba ameidharau mahakama. Ikambidi aache kuwatetea wengine aende Nairobi kujitetea, na huko Mahakama Kuu ikamwachia huru. Alirudi Kapenguria akaendelea na kazi.

Tarehe 8 Aprili, 1953, Thacker aliwatia hatiani wote sita na kuwahukumu kifungo cha miaka saba na kazi ngumu. Rufani hazikumsaidia Kenyatta. Oneko alishinda rufani yake, lakini hakuachiliwa, aliwekwa kizuizini. Ukweli ulichukua miaka kujitokeza. Mwaka 1958 Macharia aliapa kwamba ushahidi alioutoa ulikuwa wa uongo na kwamba aliahidiwa malipo. Serikali ya kikoloni ikamfunga, si kwa uongo alioutoa Kapenguria, bali kwa kusema kwamba alikuwa ameusema. Baadaye ilikuja kujulikana pia kwamba hakimu Thacker alilipwa paundi 20,000 kwa kazi ile.

Je, Pritt alishindwa? Kwa hesabu ya hukumu, alishindwa. Lakini tuangalie jambo moja. Kama washtakiwa wale wasingalikuwa na wakili, hukumu ingalipita kimya kimya na kubaki katika majalada kama ukweli. Kwa sababu ya maswali ya utetezi, yote yaliyosemwa yaliandikwa, na maandishi yale ndiyo yaliyokuja kuihukumu Serikali iliyohukumu. Utetezi mzuri haumwokoi mshtakiwa kila mara. Lakini huwaachia watoto wake karatasi ya kusomea ukweli.

DAR ES SALAAM, 1958

Miaka mitano baadaye Pritt alishuka Dar es Salaam. Safari hii kizimbani alikuwapo Rais wa TANU, Mwalimu Julius Nyerere.

Mwalimu alikuwa mhariri wa kijarida cha chama kilichoitwa Sauti ya TANU, kilichopigwa chapa kwa mashine ndogo ya ofisini na kusambazwa kwa wanachama. Katika toleo moja la Mei 1958 aliandika kwa ukali juu ya Mabwana Shauri ambao, kwa maoni yake, walikuwa wakiwaonea watu na kuvunja sheria ili kukidhoofisha chama. Serikali ikamshtaki kwa kosa la kuwakashifu. Kesi ilianza Julai 1958. Pritt aliongoza utetezi akisaidiwa na mawakili wawili wa hapa nchini, Mahmud Rattansey na K. L. Jhaveri.

Wakati wenyewe ulikuwa wa hatari. Mwezi Januari mwaka ule, katika mkutano wa Tabora, TANU ilikuwa imekata shauri la kushiriki katika uchaguzi wa kura tatu, ingawa masharti yake yaliwachukiza wanachama wengi. Uchaguzi ulikuwa uanze Septemba. Kama Mwalimu angalifungwa, ni nani angaliweza kuwazuia wale waliokuwa wakisema kwamba njia ya amani haina faida? Kwa upande mwingine, Gavana mpya, Sir Richard Turnbull, alikuwa amewasili mwezi ule ule wa Julai, na alikuwa ametoka Kenya, ambako aliona kwa macho yake matunda ya kuwafunga viongozi.

Tarehe 11 Agosti, 1958, hakimu alimtia Mwalimu hatiani na kumpa hiari: alipe faini ya paundi 150, yaani shilingi 3,000, au aende kifungoni miezi sita. Wapo waliotaka aende gerezani, kwa kuwa katika siku zile gereza lilikuwa kama cheti cha uzalendo. Faini ililipwa. Mwalimu akarudi katika kazi yake, na Tanganyika ikapata Uhuru tarehe 9 Desemba, 1961, bila ya damu iliyomwagika kwa jirani zetu.

Hatuwezi kudai kwamba Pritt ndiye aliyetuletea amani hiyo. Uhuru uliletwa na wananchi wenyewe, wakiwamo wakulima waliotoa senti zao kutoka katika magunia ya mahindi na ulezi. Lakini ni haki kusema kwamba kesi ile ilikuwa njia panda, na kwamba palikuwapo mtu aliyeijua sheria ya watawala kuliko watawala wenyewe, akihakikisha kwamba sauti ya mshtakiwa inasikika hadi mwisho.

AKIPENDA, CHONGO HUITA KENGEZA

Sasa tuseme upande wa pili, maana gazeti linaloficha doa la mtu aliyekufa huwadanganya walio hai.

Agosti 1936 Serikali ya Stalin iliwafikisha mahakamani mjini Moscow watu 16, wakiwamo Zinoviev na Kamenev, waliokuwa wenzake Lenin katika mapinduzi. Ushahidi mkubwa dhidi yao ulikuwa ni maungamo ya vinywa vyao wenyewe. Hawakuwa na mawakili wa kuwatetea. Walihukumiwa kifo, wakapigwa risasi. Pritt aliketi katika ukumbi ule akisikiliza. Aliporejea London aliandika kwamba kesi ilikuwa ya haki, na jina lake kubwa likatumika kuwanyamazisha waliokuwa na mashaka. Mwaka 1954 alipewa nishani ya amani iliyoitwa kwa jina la Stalin. Mwaka 1988, miaka 16 baada ya kifo cha Pritt, Mahakama Kuu ya Urusi ya Kisovieti yenyewe ilitangaza kwamba Zinoviev na Kamenev hawakuwa na hatia.

Fikirini jambo hili. Mtu ambaye Kapenguria hakukubali neno la shahidi mmoja bila kulipekua, Moscow aliyakubali maungamo ya watu 16 bila kuuliza yalipatikanaje. Mtu aliyekataa mahakama iliyopelekwa mbali na macho ya watu, alikubali mahakama isiyo na wakili. Hakuwa mjinga, wala hatuna sababu ya kudhani kwamba alihongwa. Alikuwa na upenzi. Aliitazama Serikali yake mwenyewe kwa macho ya wakili, na Serikali aliyoipenda kwa macho ya mchumba. Wahenga walisema kweli: akipenda, chongo huita kengeza.

Wala ugonjwa huo haukuwa wake peke yake. Mwaka 1965 Pritt alikwenda kufundisha sheria katika Chuo Kikuu cha Ghana. Mwaka huo huo, mwezi Februari, J. B. Danquah, mwanasheria na mzee wa siasa za nchi hiyo, alifia gerezani alikokuwa amewekwa bila kuhukumiwa. Nchini Kenya, Achieng Oneko, yule yule wa Kapenguria, aliwekwa kizuizini mwaka 1969 bila kesi, hadi mwaka 1975. Na aliyemweka ni Serikali ya Rais Kenyatta, aliyeketi naye kizimbani. Hapa kwetu sheria ya kuwaweka watu kizuizini ilipitishwa mwaka 1962, mwaka mmoja tu baada ya Uhuru, na tulingoja hadi mwaka 1984 ndipo haki za binadamu zikaingizwa katika Katiba yetu.

Hatuyasemi haya kwa kuwadharau wazee wetu, ambao walikuta nchi changa na maadui wengi. Tunayasema kwa sababu yanaonyesha jambo moja lililo wazi: ni rahisi kuidai haki ukiwa kizimbani, na ni vigumu kuitoa ukiwa umeshika funguo.

MAFUNZO KWETU UFIPA

Msomaji wa Laela, wa Matai au wa Namanyere anaweza kuuliza: haya ya London na Moscow yananihusu nini mimi mwenye shamba la maharage? Yanamhusu, maana kesi za Kapenguria huendeshwa vijijini kila mwaka, bila hakimu, chini ya mti.

Katika miaka ya 1960 mtaalamu mmoja Mwingereza, Roy Willis, aliyeishi na Wafipa, aliandika juu ya Kamchape, watu waliokuwa wakizunguka vijijini wakidai kuwa na uwezo wa kuwafichua wachawi. Waganga wa namna hiyo, kwa majina mbalimbali, hawajatoweka katika nchi yetu. Wanapofika, mama mzee mwenye macho mekundu kwa moshi wa miaka mingi ya jikoni hutajwa jina mbele ya umati. Ni nani anayemhoji mganga? Ni nani anayeuliza tarehe, mahali na mashahidi? Mama yule akilia, huambiwa kwamba machozi ni maungamo. Akinyamaza, huambiwa kwamba kimya ni maungamo. Hiyo ndiyo Moscow yenyewe. Katika mikoa mbalimbali ya Tanzania vikongwe wameuawa kwa njia hiyo, na wauaji wakaenda kulala wakidhani kwamba wamesafisha kijiji.

Tunayo methali isemayo kwamba lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Methali hiyo ina mahali pake, lakini si mahakamani, wala si katika baraza la kijiji. Lisemwalo laweza kuwa halipo, wala halitakuja kamwe. Katiba yetu, katika ibara ya 13, inakataza mtu aliyeshtakiwa kwa kosa la jinai kutendewa kama mkosaji kabla hatia yake haijathibitishwa. Maneno hayo hayakuandikwa kwa ajili ya watu wa Dar es Salaam peke yao.

La pili ni utetezi wenyewe. Mwenye fedha hukodi wakili. Mwenye jembe hukodi matumaini. Kwa muda mrefu mawakili hawakuruhusiwa kusimama katika Mahakama za Mwanzo, ambako ndiko mashauri mengi ya wananchi wa kawaida huanzia. Na hata mlango huo ulipoanza kufunguliwa miaka ya karibuni, mawakili wenyewe wengi wako katika miji mikubwa. Ipo Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, inayowatambua pia wasaidizi wa kisheria wasio mawakili. Na mwaka 2021 Kiswahili kilifanywa kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, jambo ambalo washtakiwa wa Kapenguria, waliosikilizwa kwa kupitia wakalimani, wangalilionea wivu. Lakini sheria nzuri iliyoko kabatini ni kama mbegu iliyoko ghalani; haishibishi mtu.

Kwa hiyo tunapendekeza mambo matatu. Viongozi wa vijiji na kata, kuanzia uwandani hadi Bonde la Rukwa na mwambao wa Ziwa Tanganyika, wasimkaribishe mtu yeyote anayekuja kufichua wachawi, bali wamfikishe polisi. Halmashauri zetu zihakikishe kwamba msaidizi wa kisheria anajulikana kwa jina katika kila kata, kama anavyojulikana mganga wa zahanati. Na shule zetu za sekondari, zinapofundisha historia ya Uhuru, ziwasomeshe vijana kesi ya Kapenguria na kesi ya mwaka 1958 kwa maswali na majibu yake, ili vijana wajifunze namna ya kumhoji shahidi, si kukariri tarehe tu.

Denis Pritt aliwatetea watu wetu wakati ambapo watu wa rangi yake wengi walitutaka tunyamaze. Deni hilo tunalikiri. Njia bora ya kulilipa ni kuifuata kanuni aliyoisimamia Kapenguria hata pale ambapo yeye mwenyewe aliiacha njiani: kwamba kila mshtakiwa asikilizwe, awe ni rafiki yetu au tusiyempenda, awe ni mkubwa wa chama au ajuza wa kijijini asiye na mtoto wa kumsemea.